Walivyokamua Bendera

Haya nilisimuliwa na Yizhen, kijana aliyepiga filamu ninayoieleza hapa, majira ya baridi ya mwaka juzi, tukikunja maandazi ya nyama jikoni kwangu.

Mzee Gu alikuwa askari mstaafu wa miaka themanini na minane. Kwa miaka hamsini aliishi chumba kimoja na Luo, askari mwenzake, katika kijiji chetu cha wanajeshi waliovuka bahari wakati wa vita, hapa Taoyuan, na watu wakajisemea ni kama ndugu wa kuchanjiana. Luo alipofariki, Yizhen alibaki na filamu ya dakika saba: wazee wawili wanafua bendera, na Gu anaeleza walivyopendana. Mchana mmoja ilikuwa ionyeshwe ukumbini, mbele ya askari wenzake. Gu aliogopa jambo moja tu, wasije wakamtenga.

"Babu, tuahirishe?" Yizhen alimnong'oneza.

"Tumeahirisha miaka hamsini. Washa."

Bendera ikajaa kwenye shuka jeupe, nyekundu, mbichi, ikipumua kama kitu kilicho hai. Sauti ya Gu ikasema: "Huyu Luo ni wangu, na mimi ni wake. Watu huniuliza nchi yangu ipi, kule nilikozaliwa au hapa. Nchi yangu ni pale Luo anapoanika nguo."

Nyuma yake viti vilikwaruza, kimoja, kumi, vyote. Wanaondoka, Gu akawaza. Hakuthubutu kugeuka. Pale mbele Luo alishika ncha moja na yeye nyingine, huyu akisokota kulia, yule kushoto. Maji yakadondoka taratibu, hata Gu akahisi vidole vyake vimelowa.

Taa zilipowaka, akageuka. Wote walikuwa wima, mikono mapajani. Enzi zao, bendera ikitokea kwenye filamu ilikuwa lazima usimame, na hii haikuondoka hata dakika moja.

"Mkorofi wewe," alisema Sajini Tao, akijikanda magoti. "Umetugandisha dakika saba."

"Si ungekaa?"

"Nikae, bendera iko mbele yangu? Na Luo ananikodolea macho? Kukamua hakujua, lakini. Kila siku alikuwa anakulowesha viatu."

"Kila siku," Gu akakubali.

Wenzake wawili waliondoka bila kuaga. Waliobaki walimsindikiza Gu hadi mlangoni kwake, wakibishana kuhusu sabuni. Gu akajilaza upande wake wa kitanda, jua likiwa bado dirishani, akapitiwa na usingizi viatu vikiwa miguuni.