Kiti cha Nyuma Kushoto

Siku gari lilipoingia uani, mumewe alizima injini, akashuka, akalizunguka taratibu na kumfungulia mlango wa nyuma upande wa kushoto. Akasimama wima, mkono mmoja kwenye mlango, mwingine mgongoni, kama alivyosimama miaka ishirini na tisa akimfungulia mkurugenzi wa kiwanda cha sabuni.

"Karibu, mama watoto."

Mkewe alikuwa amekwisha kufika kwenye mlango wa mbele, na kitasa kiko mkononi. Akakiachia, akarudi nyuma, akaketi alipoonyeshwa. Majirani waliokuja kutazama wakapiga makofi.

Lilikuwa gari la Kijapani la milango minne, jeupe, umri wake sawa na wa mtoto wao wa kwanza, ambaye sasa ana watoto wake. Taa zake za mraba. Vioo vya pembeni havikuwa milangoni kama vya magari ya siku hizi, vilichomoza mbele kabisa juu ya bodi kama macho ya konokono. Gia ilikuwa shingoni mwa usukani. Kwenye kioo cha nyuma palikuwa na karatasi ndogo yenye maandishi ya kwao, ambayo hakuna aliyejua kuyasoma, na mzee alikataa isibanduliwe. "Huenda ndiyo cheti chake cha kuzaliwa," alisema.

Mkurugenzi alipopata gari jipya, hili lilitupwa chini ya turubai nyuma ya ghala, na panya wakazalia ndani ya siti. Mzee alipostaafu, kiwanda kilitaka kumpa saa ya ukutani. Akasema saa anayo, angeomba auziwe lile gari. Kiinua mgongo kikaishia hapo, na kilichobaki kikaliwa na kabureta.

"Watu wakistaafu hununua ng'ombe," alisema kinyozi, jirani yao wa ukuta kwa ukuta. "Mzee wangu wewe umeoa bibi harusi mwenye wajukuu."

Tangu siku hiyo mtaa mzima ukaliita gari lile Bibi Harusi.

Mkewe hakumlaumu. Wanawake wenzake walidhani ni upole, lakini alikuwa na lake moyoni. Mumewe alikuwa mtu asiye na maneno. Akirudi kazini alikula, akaoga, akalala, na ukimuuliza neno alikujibu kwa "naam" kama anajibu mlangoni kwa watu. Lakini zamani, wakati anamchumbia, alikuwa akimpitia na pikapu ya kiwanda, yeye anakaa mbele pembeni yake, na humo mwanamume yule alizungumza mpaka akamshangaza. Alimwambia mwenyewe: "Mimi maneno yangu yako kwenye usukani. Nikiuachia tu, yamekwisha." Neno hilo hakulisahau. Na alikuwa na jambo la kumwambia, jambo la miaka ishirini na sita, akaona kwamba wakipata gari lao, wakikaa bega kwa bega barabarani, litasemeka.

Jambo lenyewe lilikuwa mtoto wao wa pili. Alikuwa wa kike, miaka minne, wakimwita Kasuku kwa sababu hakuweza kunyamaza hata akiwa na chakula mdomoni. Homa ilimshika Jumatatu. Baba yake alikuwa safarini na mkurugenzi, safari ya siku tano. Jumanne asubuhi mama alimwacha mtoto kwa dada yake, akaenda kiwandani kwa miguu, akamsihi karani apige simu kule walikofikia. Karani akasema atapiga. Alhamisi alfajiri mtoto akafa, na jioni wakamzika. Baba alifika Ijumaa mchana, bado na sare yake ya kazi, akakuta watu wamekaa uani.

"Mmeshazika?"

"Tumeshazika."

Akaingia chumbani, akavua viatu. Tangu siku ile hakuuliza mtoto alikufaje, na mkewe hakumwambia. Alijifariji kwamba ujumbe haukumfika. Karani yule alipenda chupa, na simu za siku zile zilikatika kama uzi mbovu. Alimchukia karani miaka mitatu, kisha akamwomba Mungu amwondolee chuki ile, akaondolewa. Karani alipofariki, alikwenda mazikoni.

Hata gari likaja, na safari zikaanza, za ibada, za sokoni, za kuwatembelea wajukuu. Kila safari alifunguliwa mlango wa nyuma kushoto. Alishona vitambaa vyeupe vya kufunika siti, akavifua na kuvipiga pasi kila wiki, akavikalia mwenyewe.

"Mheshimiwa anaelekea wapi leo?" kinyozi alimuuliza kutoka barazani kwake.

"Kwenye mkutano mkubwa," alijibu. "Wa nyanya na vitunguu."

Kutoka kule nyuma alichoona ni kisogo cha mumewe, na mvi zake zilizokatwa kwa mstari. Hata kile kioo cha ndani kilikuwa kimeinamishwa, kinaonyesha barabara tu. Injini ilinguruma, upepo ulipiga madirishani, na sikio moja la mzee lilikuwa zito.

"Baba watoto."

"Naam."

"Kuna jambo nilikuwa nataka kukwambia."

"Ngoja kwanza tupite hapa, pana mashimo."

Na barabara, ukitaka mashimo, huyakosi. Mara moja alimwomba wazi akae mbele. Mumewe akatikisa kichwa. "Mbele ni kwa mtumishi. Umenitumikia miaka yote hii, sasa zamu yangu." Mwanamke gani angebishana na neno kama hilo? Alipomlalamikia dada yake, dada alimcheka mpaka akashika mbavu. "Wenzako wanatembea mpaka soli zinaomba msamaha. Wewe unaendeshwa kama waziri, unalia kwamba umeona kisogo."

Akarudi kwenye kiti chake cha nyuma. Miaka sita ikapita hivyo.

Mwaka wa sita miguu ya mzee ilianza kuvimba. Daktari alisema ni moyo, umechoka, akampa vidonge. Mzee akaendelea kulifuta gari kila asubuhi, ila sasa alilifuta akiwa amekaa kwenye kigoda, upande mmoja leo, upande wa pili kesho. Asubuhi moja kigoda kilianguka. Mkewe alitoka jikoni akamkuta ameegemea gurudumu, anavuta pumzi kama mtu anayepanda mlima.

Kinyozi alimwacha mteja na sabuni shavuni, akaja mbio. Walimnyanyua wakataka kumkalisha mbele, lakini hakuweza kukaa wima. Basi wakamwingiza nyuma, upande wa kulia, na mkewe akaingia upande wake wa siku zote ili amwegemeze. Kinyozi akashika usukani.

"Usiivute chok yote ukiwasha," mzee alisema, amefumba macho. "Hiyo ni injini, siyo punda."

"Mzee, pumzika."

"Nitapumzika ukiingiza gia bila kumvunja Bibi Harusi shingo."

Karibu na daraja walisimamishwa. Mbele greda lilikuwa limeziba njia, na foleni ilikuwa ndefu. Kinyozi alizima injini, akashuka kwenda kuwaambia wale wa barabara kwamba ana mgonjwa. Wakabaki wawili. Kwa mara ya kwanza palikuwa kimya ndani ya gari lile, hata saa ndogo ya kwenye dashibodi ikasikika.

Mzee alifumbua macho, akatazama mbele, akaitazama siti tupu ya dereva.

"Kumbe hapa nyuma mtu haoni kitu," alisema. "Kisogo tu."

"Ndicho nilichokitazama miaka sita."

Alivuta pumzi mara tatu, nne. "Ulikuwa na jambo la kuniambia."

"Ulijua?"

"Kila ulipokohoa nilijua. Liseme. Leo sina pa kukimbilia, usukani anao kinyozi."

Basi akalisema. Alikuwa amelipanga miaka mingi jinsi ya kulianza, lakini lilitoka lenyewe bila mpango. Alimweleza jinsi Kasuku alivyoacha kuzungumza siku ya Jumanne, na kwamba hiyo ndiyo iliyomtisha kuliko homa yenyewe. Alimweleza jinsi kila gari lililopita barabarani mtoto aliinua kichwa, akasikiliza, kisha akakirudisha kwenye mto na kusema maneno pekee aliyobaki nayo, "Hili siyo la baba." Aliujua mlio wa gari hili. Usiku wa Jumatano alifanya hivyo mara nyingi. Alfajiri lori lilipita karibu kabisa na dirisha, na hakuinua kichwa.

"Ndivyo ilivyokuwa," alisema mkewe. "Nilitaka tu ujue. Sikulaumu. Hukuwa na habari."

Mzee alikuwa ameshika mkono wake. 

"Habari nilikuwa nayo."

Mkewe alidhani ni ugonjwa unaosema.

"Jumanne jioni," mzee aliendelea, neno moja moja, akipumua katikati. "Mhudumu wa nyumba ya wageni aliniletea karatasi. Mtoto mgonjwa sana, rudi. Mkurugenzi alikuwa mezani anakula na wageni wake. Unajua kazi yetu, mama. Dereva haanzi kuzungumza, anaulizwa kwanza. Nikasema, kesho asubuhi ataniuliza. Kila siku akiingia garini alisema, dereva, habari za nyumbani? Nikasema, akiuliza tu, namwambia. Jumatano akaingia na makaratasi yake, akasema, twende. Hakuuliza. Nikasema, labda jioni. Jioni hakuuliza. Alhamisi hakuuliza."

"Siku mbili?"

"Siku mbili. Karatasi iko mfukoni, namtazama kwenye kioo, nangoja ainue macho. Alikuwa mtu mwema yule. Angeniruhusu pale pale, nakwambia. Lilikuwa ni neno moja la kusema."

Nje, dereva wa lori alipiga honi, mwingine akamjibu.

"Nililinunua hili gari," alisema, "nikidhani likiwa langu nitaweza kusema ndani yake. Halafu siku ile ya kwanza nikakuona unashika mlango wa mbele. Nikajua ukikaa karibu yangu nitasema kweli. Nikakufungulia wa nyuma."

Mkewe aliutoa mkono wake kutoka mkononi mwake. Hakukusudia. Ulitoka kama unavyotoka ukigusa sufuria la moto. Akauweka mapajani na kuutazama. Alimwona karani, maskini ya Mungu, na macho yake mekundu, akipiga simu ile ile aliyoahidi kuipiga. Miaka mitatu alimlaani mtu aliyefanya kazi yake.

Kinyozi alirudi akihema. "Wanalisogeza. Nimewaambia nimebeba mheshimiwa." Akawasha gari, na hakuna aliyecheka, naye akatazama nyuma mara moja tu, akashika njia.

Hospitali walileta kiti cha magurudumu mpaka mlangoni mwa gari. Wauguzi wawili wakamkalisha mzee, wakamfunika shuka magotini. Mmoja aliuliza umri, mwingine akauliza dawa anazotumia, na mkewe akajibu yote bila kukosea, pamoja na saa anazozimeza. Kisha muuguzi akashika mishikio ya kiti.

"Haya, baba, twende ndani."

Mzee hakumtazama muuguzi. Alikuwa anamtazama mkewe, midomo ameifumba, na mkewe aliyajua macho yale ingawa hakuwahi kuyaona. Hakuwa anaomba msamaha. Alikuwa anangoja aulizwe. Ndivyo alivyoumbwa na ndivyo alivyofundishwa, na angeweza kuingia ndani ya mlango ule akiwa bado anangoja, kama alivyongoja siku zile mbili, na neno lisitoke.

Mkewe aliona kwamba angeweza kumwacha hivyo hivyo. Ilikuwa haki yake. Alisimama na haki ile kwa muda ambao muuguzi aliona ni mrefu, maana alikohoa.

"Nimekusamehe, baba watoto," alisema. "Nenda wakakutazame."

"Naam," alijibu mumewe.

Kiti kikazunguka, kikaingia. Yeye akabaki kwenye benchi, akafumba macho, na sala aliyoomba haikuwa ya kumponya mgonjwa, ingawa hiyo nayo aliiomba baadaye. Kwanza aliomba kwamba moyo wake ufuate alikokwenda mdomo, kwa sababu mdomo ulikuwa umekwenda peke yake.

Mzee alifariki kesho yake kabla ya adhuhuri. Kwenye mazishi watu walisema mjane yule ni jabali, halitikisiki. Kinyozi alilia kuliko ndugu. Mtoto wao wa kwanza aliuliza kuhusu gari, na mama akasema mwenye kulitaka alichukue. Akaja mwalimu mmoja mpenda magari ya kale, akaligusa gusa kama mtu anayenunua farasi, akaondoka nalo. Mama alikuwa ndani anachambua mchele. Hakutoka kutazama.

Sasa kila alfajiri, akimaliza sala zake na kabla hajainuka, huwa analisema tena lile neno, kwa sauti, kama alivyolisema pale mlangoni mwa hospitali. Siku nyingine linatoka na moyo uko nyuma yake hatua mbili tatu, unakuja. Siku nyingine analisema, anasikiliza, na hapana kitu. Siku kama hiyo hukaa pale kwenye mkeka kidogo zaidi. Kisha huinuka, kwa kuwa kumekucha, akaenda kuwasha moto.