Vumbi la Kioo cha Nyuma

Nimewaendesha watu wa filamu miaka kumi na minane. Alfajiri nawazoa waigizaji majumbani, wengine bado wana alama za mto mashavuni, nawafikisha wanakopakwa poda, halafu nakaa kusubiri. Kusubiri ndiyo kazi yenyewe. Anayedhani dereva wa filamu kazi yake ni kuendesha, na aje akae siku moja kwenye kiti changu aone makalio yanavyokufa ganzi.

Kuna gari moja haliguswi: gari la picha, yaani lile linaloonekana ndani ya filamu. Likichafuka mbele ya kamera, uchafu ule ni mali ya filamu. Hufuti, huondoi hata jani. Unalifunika turubai, kesho liamke vilevile. Sheria hiyo mimi ndiye ninayewafundisha madereva wapya, tena kwa ukali, ndiyo maana siku hizi nashindwa hata kuwatazama.

Safari hii gari lilikuwa jeusi, la kizamani, limepakwa vumbi jekundu. Mzee, mwigizaji wetu mkongwe, alicheza baba anayeagana na binti yake. Gari linapoondoka anaweka kiganja kwenye kioo cha nyuma, kinaburuzika, kinaacha michirizi kwenye vumbi. Mzee alikuwa mgonjwa, miguu haimbebi, na kila baada ya jaribio alikalishwa kitini apepewe. Mara ya saba akaipata. Mwongozaji alilia waziwazi. Tukampigia Mzee makofi, tukamuaga, maana alisema hiyo ndiyo kazi yake ya mwisho, sasa anakwenda kupumzika. Ilibaki picha moja tu, ya binti akiwa ndani ya gari anaitazama ile michirizi. Ilipangwa baada ya siku moja ya mapumziko, na gari nikaachiwa mimi nililaze nyumbani kwangu.

Siku hiyo ya mapumziko binti yangu wa kumzaa alikuwa anahitimu uuguzi. Shemeji yangu, ambaye mdomo wake haujui likizo, akanitania mbele ya mke wangu: "Shemeji, wewe unabeba mastaa kila siku, halafu mtoto wako aende mahafali kwa pikipiki, joho amelifunga kiunoni?" Watu wakacheka. Na mimi nikacheka, lakini lilinichoma.

Nikajiambia ni mwendo mfupi tu, kwenda na kurudi, nani atajua? Nikafunua turubai. Na hapo, naapa, sikuwaza kitu. Mkono ulikwenda kwenye ndoo wenyewe, kama unavyokwenda kila asubuhi kabla ya chai. Nilikuwa hata napiga mluzi. Nilizinduka kioo cha nyuma kimeshang'aa, kitambaa kiko mkononi, maji mekundu yananitiririkia kiatuni.

"Baba, limependeza!" binti yangu akasema alipotoka. Nikampeleka. Nilikaa ukumbini kati ya wazazi wenzangu, na jina lake lilipoitwa sikulisikia. Mke wangu ndiye aliyenipiga kiwiko nisimame nishangilie.

Tuliporudi nililipaka gari vumbi upya. Ubavuni lilikubali. Kwenye kioo nikaburuza kiganja changu, lakini Mzee kidole chake cha pete ni nusu, na mimi vyangu ni vitano kamili. Nikakikunja kimoja. Ilitoka kama paka ameteleza ukutani. Nikafuta.

Asubuhi yake Dada Daftari, anayeandika na kupiga picha kila kitu ili leo ifanane na juzi, alilizunguka gari mara mbili.

"Kaka, kioo kimekuwaje?"

"Upepo, dada. Turubai lilifunuka, umande ukaingia."

Akaandika umande. Hakuuliza zaidi, kwa sababu ananiamini, na hilo liliniuma kuliko kama angenifokea. Mwongozaji akashika kichwa, akaenda pembeni kupiga simu, kisha akaniita.

"Kamlete Mzee. Polepole, tafadhali."

Nilichukua gari la kubebea waigizaji, nikamkuta kibarazani ameshavaa, mkewe amemshika mkono. Alikuwa amepungua, shati linamwelea. Nikamwamkia, nikamfungia mkanda. Tukafika katikati ya njia.

"Dereva," akasema, "wewe ulikuwepo. Nilikosea wapi?"

"Hukukosea, Mzee."

"Miaka arobaini sijawahi kurudishwa baada ya kuagwa. Niambie tu, mwanangu. Ni mkono? Niliuharakisha?"

"Ni umande, Mzee. Ulifuta kioo."

Akacheka mpaka kikohozi kikamshika. "Umande! Umande gani huo unaochagua kioo changu? Mwongozaji naye kaniambia hivyohivyo. Mmepanga mnifichie aibu yangu. Mna roho nzuri nyie."

Kumbe uongo wangu ndio uliokuwa unamthibitishia kwamba amezeeka vibaya. Nikasimamisha gari kando ya barabara, nikapiga moyo konde.

"Mzee, niliosha mimi. Nilitaka kumpeleka binti yangu kwenye mahafali yake. Nikaosha gari, nikafuta mkono wako. Umande nimeutunga."

Akaniwekea kile kiganja chenye kidole nusu begani.

"Unajisingizia ufukuzwe kazi kwa ajili yangu? Hapana. Hilo usiwaambie. Twende, tusiwacheleweshe."

Ningeweza kumwapia. Ningeweza kusema nitarudia maneno hayohayo mbele ya watu wote. Nilitia gia. Mungu anisamehe, nilishukuru kwamba hakuniamini.

Tulipofika alikataa kiti. Alisimama mbele ya kundi zima, ameegemea bega la Dada Daftari, akasema, "Jamani, nisameheni kwa juzi. Leo nitajitahidi." Wakadhani ni adabu za wazee, wakampigia makofi. Mwongozaji akanitazama nianze, kwa kuwa gari la picha naliendesha mimi. Nikaingia, nikawasha, nikasubiri kiganja kiguse kioo, kisha nikaondoka nikamwacha.