Anayelipa Hajafa

Jioni ya kumwita mtoto, Cheptanui alikamua ng'ombe mapema, akafagia jiko, akaegemeza kibuyu cha mursik, maziwa yaliyogandishwa, ukutani mahali ambapo hakingepigwa teke. Ukungu wa Keringet ulikuwa umeshafika mlangoni. Wanawake wa ukoo walizunguka moto, na katikati yao akaketi Chepchirchir, binti yake, na mtoto wa kiume aliyezaliwa wiki hiyo. Kwa kuwa baba wa mtoto alizima simu tangu mimba ilipoanza kuonekana, majina yaliyoitwa yalikuwa ya upande wa mama.

Desturi yenyewe ni rahisi. Marehemu wa ukoo huitwa mmoja baada ya mwingine, na jina ambalo mtoto atalipigia chafya ndilo la aliyerudi. Mwitaji alikuwa Kogo Taprandich, dada mkubwa wa marehemu mume wa Cheptanui, bibi mwenye sauti nzito na subira haba. Aliita mababu, akaita mashangazi, akaita hata mjomba mmoja mwizi wa mbuzi ambaye hakuna aliyemtamani. Mtoto alitazama moto. Kipkemoi, babu yake mzazi, aliyezikwa miaka miwili nyuma na ambaye ndiye hasa aliyekuwa akingojwa, aliitwa kuliko wote, na mtoto hakupepesa jicho. Mtu akatoa tumbaku ya kunusa ili asaidie. Kogo aliirudisha, akasema chafya ya tumbaku ni ya tumbaku.

Chai ikanywewa, wanawake wakaaga. Mtoto akabaki bila mtu.

Mtoto asiye na mtu hakui, na hilo halikumshangaza yeyote. Nesi wa kliniki alimpima mwezi wa kwanza, akampima wa pili, akaandika uzito uleule, na baadaye akawa anaunakili tu bila kumweka kwenye mizani. Hakuwa mgonjwa. Alinyonya na kulala, na nguo za siku ya kwanza ziliendelea kumtosha. Macho yake yalikuwa ya mtu aliyeketi kwenye benchi la ofisi akingoja kuitwa. Chepchirchir alimfunga mgongoni akaenda shambani, na zaidi ya mara moja alirudi mbio nyumbani akidhani amemsahau kitandani, kumbe yuko naye. Jambo hilo lilimuuma Cheptanui kuliko hata kifo cha mumewe, na hakumficha mtu yeyote aliyemuuliza.

Aliamua kumpeleka mtoto kwa daktari mkubwa wa Nakuru. Akaenda Molo, kwenye benki ambako pesa za maziwa huingia, katika akaunti aliyofungua pamoja na Kipkemoi wakiwa bado wanaelewana kuhusu matumizi. Pesa alizozikuta zilikuwa pungufu ya alizotarajia. Akaomba taarifa ya akaunti, akapewa karatasi ndefu, na chini ya kila mwezi kulikuwa na makato kwa jina asilolijua: VUKALIPA.

Kijana wa kaunta aliitwa Lewis. Cheptanui alimuuliza huyo Vukalipa ni nani na amemkosea nini.

"Huyo si mwenye kuchukua, mathe," Lewis alisema. "Ni wa kupitisha tu."

Akamweleza kwa upole kwamba ni kama yule wa pikipiki anayekusanya maziwa asubuhi. Madebe ni yake, jina kwenye madebe ni lake, lakini maziwa si yake na wala si yeye anayeyanywa. Kampuni kama Vukalipa hukusanya malipo ya bili kwa niaba ya wengine, na benki huona jina la mwenye pikipiki peke yake. Bili yenyewe huenda ni ya maji, huenda ni ya televisheni, huenda ni ya kitu ambacho mtu alikikubali kwa simu akasahau. Lewis alifuata makato kwa kidole hadi yalipoanzia, mwaka mmoja hivi kabla ya mazishi ya Kipkemoi. Hata mwezi wa mazishi hayakuruka. Wakapiga namba ya Vukalipa, wakajibiwa na sauti ya mashine iliyowashukuru kwa subira yao, kisha ikakata.

Nyumbani Kogo Taprandich aliishika karatasi kwa ncha za vidole. Alisema kitu kikiingia bomani bila kujulikana, dawa yake ni ile ile, kiitwe majina. Wakaitandika karatasi juu ya ngozi ya mbuzi karibu na moto. Kwanza waliita wale ambao kazi yao ni kuchukua pesa za watu: umeme, maji, shule, chama, kanisa. Karatasi ilitulia. Ndipo wakaita watu wa ukoo, na lilipotajwa jina la Kipkemoi, karatasi ikapiga chafya.

Ilikuwa chafya ndogo, kavu, ya mtu aliyepulizia viazi dawa miaka mingi bila kujifunga kitambaa puani. Wote waliitambua.

"Pole, baba," alisema Chepchirchir.

"Basi hakutukataa," alisema Kogo. "Ameshikwa mahali."

Cheptanui alirudi Molo, akamwambia Lewis kwamba karatasi imepiga chafya kwa jina la mumewe. Lewis alisema hiyo inasaidia sana, kwa sababu ukiwa na jina la mteja kutafuta kunakuwa rahisi. Akaandika Kipkemoi na namba yake ya kitambulisho, akangoja, akaangalia. Vukalipa ilikuwa ikipitisha pesa kwa kampuni ya bima ya mazishi huko Nakuru. Akamwandikia jina la jengo na ghorofa.

Lori la viazi lilimshusha mjini saa za asubuhi. Ofisini alipokewa na msichana mwenye hijabu ya kijani, Sumeya, ambaye alimpa kiti, akamuuliza kama amekunywa chai, kisha akafungua kompyuta.

"Mzee Kipkemoi yuko sawa, mama. Hajakosa hata mwezi mmoja."

"Mzee Kipkemoi tulimzika."

Sumeya alitazama tena. "Kwa system anaendelea kulipa," alisema. "Na anayelipa hajafa."

Kila kitu kilikuwa humo. Kipkemoi alikwenda kununua dawa ya viazi kwenye agrovet, kijana wa duka akamwambia abonyeze moja kwenye simu ili siku yake ikifika familia isihangaike, naye akabonyeza. Ujumbe wa bima ulikuja kwenye simu yake, na simu yake iliharibika kabla yake. Familia ingetoa taarifa ya kifo, ingelipwa pesa za mazishi. Lakini taarifa ina muda wake, na muda ulikuwa umepita. Cheptanui aliwakumbuka ng'ombe aliowauza ili hospitali iutoe mwili na waombolezaji wapate kula, akashikwa na hasira. Akasema huo ni wizi. Sumeya hakubisha. Wizi ukiwa na risiti, mtu atabishana nao vipi?

Cheptanui akataka makato yasimamishwe siku hiyo hiyo. Sumeya alisema anayeruhusiwa kuyasimamisha ni mwenye bima, kwa kinywa chake.

"Basi niitie yeye."

Sumeya akainuka, akafungua mlango uliokuwa nyuma yake.

Chumba kilikuwa kirefu chenye mabenchi, na watu walikuwa wameketi kwa utaratibu: wazee wa Kuresoi na makoti yao, akina mama wa Njoro na vitambaa vya kanisa, wengine wakiwa bado na pamba puani. Televisheni ilionyesha mchezo wa mpira bila sauti. Mlango haukuwa na kufuli. Ni kwamba hakuna aliyekuwa ameambiwa atoke. Kipkemoi alikuwa benchi la katikati, katika koti la kahawia walilomzika nalo, kofia magotini. Alisogea, Cheptanui akaketi.

Aliuliza kama ng'ombe wanakamuliwa. Cheptanui alimwambia ni wangapi waliobaki, na kwa nini. Kipkemoi akaigeuza kofia magotini.

"Nilibonyeza ili msihangaike," alisema.

"Najua."

Akamweleza habari za mtoto, kwamba ameitwa jioni nzima bila kupiga chafya, na hakui. Kipkemoi alifunika uso kwa kofia. Alisema kila mwezi huenda pale mbele akaomba atolewe, nao humtaka kitambulisho, na kitambulisho chake kilirudishwa kwa serikali kwa sababu amekufa. Cheptanui alimpenda sana wakati ule, kuliko miaka mingi waliyoishi pamoja, na alikasirika kwamba mapenzi hayo yamekuja wakiwa mahali kama pale.

Sumeya, aliyekuwa amesimama mlangoni, alishusha sauti. Kusimamisha haiwezekani, alisema, lakini kubadilisha jina kunawezekana. Akiingia mwingine, mzee anatoka papo hapo. Wengi huandika mtoto, maana mtoto makato yake ni madogo.

"Hapana," alisema Cheptanui kabla hajamaliza. "Andika mimi."

Kipkemoi alitikisa kichwa. Cheptanui akamwambia avae kofia aende nyumbani, mtoto anamngoja. Alitia sahihi mahali alipoonyeshwa. Sumeya alimuuliza kama ameelewa atakuja kukaa wapi, naye akayatazama mabenchi, akauliza kama anaweza kupata nafasi ya dirishani. Sumeya alisema nafasi hazichaguliwi. Akaongeza kwamba hata yeye jina lake limo, wafanyakazi wote wameandikwa siku ya kuajiriwa.

Jioni Kogo Taprandich aliita jina mara moja tu, na mtoto akapiga chafya kavu iliyomtikisa mwili mzima. Chepchirchir alilia. Kabla ya Jumapili nguo za siku ya kwanza zilikuwa zimepasuka makwapani, na mwezi uliofuata nesi alilazimika kuitoa mizani kabatini.

Mwisho wa mwezi makato yalikuja kama kawaida, kwa jina lile lile la Vukalipa, yakiwa yamezidi kidogo kwa sababu ya ada ya kubadilisha jina. Lewis alimuuliza Cheptanui kama sasa ameyaelewa, naye akasema ameyaelewa vizuri. Watu wa Keringet walianza kumletea Kogo karatasi zao za benki aziite. Nyingine zilikuwa za umeme. Nyingine zilipiga chafya, na wenyewe wakashuka Nakuru wakabadilisha majina, hadi kampuni ikakodi ghorofa ya pili.

Siku moja walipokuwa wakipalilia viazi, Chepchirchir alisimamisha jembe. Inaonekana alikuwa amelifikiria jambo hilo kwa siku nyingi.

"Siku yako ikifika, mama, nitaenda kule niandike jina langu."

"Na wewe atakutoa nani?"

Chepchirchir aliliweka jembe chini. Mtoto alikuwa amelala mgongoni mwake, mzito siku hizi, na ilimbidi ainame zaidi ndipo apate kukaza leso.