Viatu Alivyotwaa Mtani

Abasi alishuka stesheni ya Tabora siku ya tatu ya matanga, mama yake akiwa amekwishazikwa. Kwa miaka kumi na mmoja alikuwa beki wa ugenini: Mombasa, kisha Nairobi, na sasa Kampala, ambako klabu ilimpa ruhusa ya wiki moja tu.

Mlangoni kwao, mtaa wa Kanyenye, alisimama Tatu, Mzaramo, mtani wa ukoo, amepanua mikono.

“Hapiti mtu! Magoli ya Waganda umeyalinda, la kwenu umeliacha wazi!”

Wafiwa walicheka. Abasi naye alicheka, maana mtani hakasirikiwi.

“Nipishe, mtani wangu.”

“Ushuru kwanza.” Tatu alipekua mkoba wa Abasi, akatoa viatu vyake vya kuchezea mpira, jozi pekee aliyokuwa nayo, akavivaa. Alichotwaa mtani msibani hakinyang'anywi. “Unarudi lini?”

“Alhamisi.”

“Basi Alhamisi njoo uviombe mbele ya watu hawa, tukuone unavyomkimbia mama yako.”

Alhamisi treni ya Mwanza, aliyopaswa kuipanda kurudi Kampala, ilipiga honi. Tatu alikuwa uani akitwanga, viatu vikimpwaya miguuni. Abasi alimtazama kutoka jamvini. Hakulia, wala hakuviomba.