Kijibendera Kilichoishia Nusu

Ijumaa ile nililala mchana, jambo lisilo desturi yangu, kwa kuwa kikao kilikuwa kimenichosha. Siku tatu kabla, binti yangu Somoe alirudi nyumbani kutoka kwa mumewe, Hamdani, akiwa na kikapu kimoja na kifundo cha mkono kilichovimba. Alisema aliteleza kisimani, nami sikuuliza zaidi, maana mke wa mtu ana siri za nyumba yake. Baada ya sala niliwaita ndugu zangu, nikawaeleza kwamba katika ukoo wetu hakuna binti aliyewahi kuachika, na kwamba Somoe atarudi kwa mumewe kabla ya jua kuchwa. Ndugu zangu wakasema, "Ndiyo, kaka." Mke wangu, Bi Tatu, alikusanya vikombe. Somoe akasema, "Nimesikia, baba." Nikaridhika. Nikajilaza kochini na kitabu changu cha manowari, kwani mimi niliyekuwa tarishi wa bandari nilijifunza kusoma ukubwani, katika masomo ya jioni, na tangu hapo sijapitisha siku bila kitabu. Nilifika mahali panapoeleza kwamba katika kila kundi la manowari iko moja inayomchukua mkuu wa wote, nayo ndiyo meli ya amri. Nikasema moyoni: hiyo ni mimi katika ukoo huu. Kitabu kikaniangukia kifuani, usingizi ukanichukua.

Nikajiona nimesimama juu ya sitaha ya chuma, pana kama uwanja wa mpira, katika bahari ya kijivu isiyo na harufu ya chumvi. Nyuma yetu zilifuata meli nyingi kwa mstari mmoja, na majina yao yameandikwa kwa rangi nyeupe: Utii, Hofu, Mazoea, na nyuma kabisa kimeli kidogo kiitwacho Stahamala, ubavu wake umepasuka. Mlangoni pa jiko aliketi mama mmoja mtu mzima, ana alama za cheo mabegani, na anamenya vitunguu.

"Mama," nikamwuliza, "mbona una cheo begani na kisu cha jikoni mkononi?"

"Jina langu Usikivu," akasema. "Zamani nilikuwa msaidizi wa kwanza wa Amiri, mkuu wa kundi hili, siku hizi nakaanga samaki. Usinihurumie. Samaki hawajifanyi wamenielewa."

Akajifuta mikono, akanitembeza. Nilishangaa kuona mizinga ya meli ile ni michache na midogo, nikamwambia nilidhani meli ya mkuu ingekuwa na mizinga kuliko zote. Akacheka kidogo, kicheko kikavu. "Hivyo ndivyo wanavyodhani wanaotaka ukuu," akasema. "Meli hii haikuundwa kupiga, iliundwa kusikia. Meli moja ya kundi huona moshi upande wa mashariki, nyingine hupima maji ikakuta kina kimepungua, ya tatu ina majeruhi na haisemi mpaka iulizwe. Yote hayo huletwa hapa, hupangwa juu ya ramani moja, ndipo mkuu anapofungua kinywa. Amri ni tunda la kusikia, bwana. Ikitangulia mti wake, ni kelele." Kisha akanifungulia chumba walichokiita Chumba cha Masikio. Mitambo ilikuwa imeng'olewa. Mahali pake paliwekwa viti vya mahameli na picha za Amiri, kila moja ikimtazama mwenziwe kwa kupendezwa.

Tulipotoka alinionyesha milingoti ya meli zile. "Sikiliza hili, maana wengi wamelisoma wasilifahamu. Meli ikiona bendera za amri, hupandisha kijibendera cha kujibu hadi nusu ya mlingoti. Maana yake, nimekuona, ila sijakuelewa bado. Ikishaelewa, hukivuta mpaka kileleni. Mkuu mwenye subira hungoja kifike juu, na kisipofika, huuliza kuna nini. Asiye na subira huona kitambaa kinapepea, akasema amejibiwa."

Juu, mahali pa usukani, tulimkuta Amiri Kiburi katika sare nyeupe, kofia imeshuka mpaka masikioni, na ubavuni pake karani wake, Sifa, mwenye sauti laini kama mafuta ya nazi.

"Wewe umesoma?" Amiri akaniuliza.

"Nimesoma, Amiri. Masomo ya jioni, miaka minne."

"Unaona, Sifa? Mtu aliyejitengeneza mwenyewe."

"Anaonekana hata kwa namna anavyosimama," akasema Sifa, akanivisha darubini shingoni. "Huyu ndiye wa kutusomea bendera, mkuu, si yule mpika samaki."

Sitaficha kwamba kifua kilinitanuka. Amiri akatoa amri: kundi lote lipite katika Mlango wa Matumbawe, lifike Bandari ya Heshima kabla ya jua kuchwa. Bendera zikapanda. Nikaelekeza darubini nyuma. Utii ilivuta kijibendera kileleni hata kabla amri haijakamilika. Hofu ikafuata, kisha Mazoea, ambayo nadhani haikutazama kabisa. Nikafika kwenye Stahamala. Pale sitahani alisimama mwanamke, anavuta kamba kwa mkono mmoja, mkono wa pili ameukunja kifuani kama mtu anayebeba mtoto. Alivuta mpaka nusu ya mlingoti, akaacha, akatazama upande wetu.

Nikajua anangoja kuulizwa. Nilijua pia kwamba ubavu ule uliopasuka hauwezi kupita penye matumbawe.

"Umeona nini?" Usikivu akaninong'oneza.

"Kumbuka aliyekupa darubini," akanong'ona Sifa katika sikio la pili.

"Wote wameelewa?" akauliza Amiri. Hakugeuka.

Jua lilikuwa linashuka, na Bandari ya Heshima ilionekana kwa mbali, imewashwa taa kama nyumba ya harusi. Nikasema, "Wote, Amiri."

Meli zikageuka. Stahamala nayo ikageuka, kwa sababu amri ni amri. Ilipofika kwenye matumbawe haikupiga honi. Ilishuka kimya, kama mtu anayekaa chini baada ya kazi ndefu, na hapana aliyepunguza mwendo. Amiri akaandika kitabuni: *Amri imetekelezwa*. Sifa akakausha wino kwa pumzi yake. Mimi nilibaki nimeshika darubini, nikitazama maji yakipanda kwenye mlingoti ule, yakikikaribia kijibendera.

"Nilikuwa nataka tufike," nikamwambia Usikivu.

"Tutafika," akasema. "Hakuna kundi linalokosa kufika Bandari ya Heshima. Wanaofika ndio wanaopungua." Akaurudia mlango wa jiko lake, hakunitazama tena.

Niliamka nimeloa jasho. Jua lilikuwa limelala sakafuni, karibu na mlango. Sikuhitaji mpiga ramli wa kunifasiria. Somoe alisema amesikia. Hakusema ameelewa wala amekubali, na mimi, msomaji wa vitabu, nilihesabu kitambaa kuwa jibu. Nikamwita. Akaja Bi Tatu.

"Kaondoka na gari la saa tisa. Nilitaka kukuamsha, akanikataza. Kasema baba ameshasema."

"Ule mkono ulikuwaje?"

"Siku tatu yupo chini ya dari lako," akasema, "leo ndiyo unauliza."

Nikapiga namba ya Somoe. Ilipokelewa na Hamdani, mchangamfu. "Shikamoo, baba. Kafika salama, yuko ndani. Kwa kweli tungekuwa wapi sisi bila wazee wenye msimamo kama wewe."

Nikamwomba anipe niseme naye.

"Ana shughuli kidogo, baba. Ukiwa na neno niambie mimi, nitamfikishia."

Nilipoweka simu chini, Bi Tatu alikuwa amekwisha kuvaa baibui, anafunga viatu.

"Gari la mwisho limeshapita," nikamwambia.

"Najua," akasema, akatoka kwa miguu.