Kwa na Hadi

"Hivi mama, huyu mjukuu wako nani anamtungia hizi hesabu?"

Jirani yangu, fundi cherehani, aliniuliza hivyo siku aliyozika kuku wake watatu. Mjukuu wangu alikuwa ameandika katika daftari: Jirani ana kuku kumi. Watapungua kwa asilimia thelathini. Watabaki wangapi? Jibu: saba. Mwalimu wao alikuwa amewaagiza watunge maswali kumi ya asilimia kwa vitu wanavyovijua.

"Maneno huumba," jirani akasema huku anacheka. "Mwambie aandike wataongezeka."

Mimi niliishia shule ya msingi, ila asilimia zilinikaa kichwani. Nikaanza kulipitia daftari lile kila nikimaliza kusali. Swali lililofuata lilikuwa la pipa letu: maji lita themanini, yatapungua hadi asilimia ishirini na tano. Mtoto akajibu sitini. Mwalimu akamkosesha kwa wino mwekundu: Soma swali. "Hadi" si "kwa". Jibu ni ishirini.

Kesho yake nikakuta pipa limepasuka ubavuni. Nikachota yaliyobaki. Ndoo moja ya lita ishirini ikajaa pomoni, pipa likawa kavu. Halikufuata jibu la mtoto, lilifuata swali. Nikamwambia Mungu, mwingine sikumwambia.

Alhamisi mchana fundi aliingia, futi yake ya kupimia shingoni. Mjukuu alikuwa mezani na swali la kumi.

"Umeniandika tena?" akamtania. "Nimebaki na kuku saba, usinimalizie."

"Leo siyo kuku, shangazi. Nyumbani kwako mko watu wangapi? Si watano?"

Watano kweli: yeye, mumewe, mapacha wao, na baba mkwe aliyelala kitandani tangu mwaka jana. Fundi akainama. Alilosoma ni jibu tu, lililopigiwa mistari miwili chini: wanne.

Hakucheka. Akavuta kiti, akakaa.

"Basi ni mzee," akasema polepole. "Tumemuuguza, mama, Mungu shahidi. Siku zake zikitimia nitasema kazi ya Mungu haina makosa. Hilo nalibeba."

Ningeweza kunyamaza. Lakini yule ni mama wa watoto, na ningemficha ningemjibu nini Mungu? Nikalisogeza daftari, nikaweka kidole chini ya neno.

"Usisome jibu, mwanangu. Pipa langu lilifuata swali. Hapa hamna 'kwa'."

Akasoma kwa sauti. "Nyumba ya jirani ina watu watano. Watapungua hadi asilimia ishirini." Sauti ikakatika, midomo ikaendelea kupiga hesabu.

"Nimechanganya tena, bibi?" mtoto akauliza. Akachukua ufutio, akaanza kulisugua lile neno. Alikuwa ameandika kwa wino. Karatasi ikatoboka, na kwenye tundu, ukurasa wa chini, neno "hadi" lilikuwa limejichapa, limesimama vilevile.

Mtoto akauweka ufutio chini.

"Mmoja," fundi akasema.

Uani kwao mapacha walikuwa wakigombania kamba. Alisikiliza kwanza sauti ya mmoja, kisha ya mwenzake. Akainuka, akakirudisha kiti mahali pake, akatoka.