Nafasi ya Mtoto

Mjukuu wangu alifanya kazi gazetini miaka minane, kisha akaiacha kwa sababu ya neno moja: inasemekana. Mhariri wake alilipenda neno hilo kwa kuwa halina mwenyewe, hata mahakamani huwezi kulipeleka. Siku moja mjukuu akaandika kwamba inasemekana kuna gari jeupe linapita mitaani kuiba watoto. Kesho yake dereva wa kusambaza maziwa alivunjwa miguu yote miwili, kosa lake rangi ya gari. Mjukuu akaenda kumwona hospitalini. Dereva hakujua kuwa ndiye aliyeandika. Alimwuliza tu, "Dada, wewe wa gazetini, hebu niambie. Nani alisema?"

Alirudi ofisini. Aliandika barua ya kuacha kazi, akaja kujifungia katika stoo ya karakana yetu ya ushonaji.

Aliichagua stoo kwa sababu majora ya vitambaa yanameza mwangwi. Akaweka kipaza sauti juu ya cherehani bovu, akaanzisha podikasti, kipindi cha mtandaoni, akaiita Nani Kasema? Kila wiki huchukua uvumi mmoja na kuufuata nyumba kwa nyumba mpaka aukute ulipozaliwa. Kitunguu chini ya mto kinavuta homa. Mnara wa simu unakausha maziwa ya mama. Watu wakaanza kumsikiliza, wauguzi wakiwa zamu, madereva wakiwa safarini. Wengine walimtukana. "Lisemwalo lipo," walimwandikia, "kama halipo laja." Naye huwajibu, "Linakuja kwa miguu ya nani?"

Nilikuwa namtania. "Mke mwenzangu, lini utashika uvumi wa maana? Kuna ule kwamba bibi yako alikuwa mzuri ujanani."

"Huo nimeuchunguza, Bibi. Ushahidi hautoshi."

Karakana anaiendesha mama yake, binti yangu, tangu mgongo wangu uliponikatalia. Tunashona magauni ya harusi, na watu wananiita Mama Harusi. Mimi siku hizi napiga pasi na kufagia.

Basi siku moja napiga pasi, mjukuu akaja na kidaftari chake.

"Bibi, unamjua fundi anayeitwa Mkasi?"

"Namjua. Tulishona chumba kimoja, cherehani zetu zikitazamana."

"Wanasema biharusi akivaa gauni aliloshona yeye, hazai. Miaka thelathini na minne, Bibi! Mabiharusi hawapiti hata mtaani kwake. Anashona mapazia na foronya tu. Wewe umewahi kusikia?"

"Nimesikia."

"Kwa nani?"

"Kwa watu."

"Watu ndio akina nani?"

"Niache, pasi itaunguza," nikasema.

Sasa niseme ninachokijua.

Mkasi alikata vizuri kuliko mimi. Gauni lake lilimkaa mtu kama ngozi. Alikuwa na ila moja: hakuacha kitambaa cha akiba ndani ya mshono, kwa hiyo mvaaji akinenepa au akishika mimba, gauni halipanuki. Siku moja nampima biharusi, akaniambia dada yake alishonewa na Mkasi, na anamsifu sana. Wivu ukanishika. Nikamwambia huku nacheka, "Mkasi? Yule haachi nafasi ya mtoto." Yalikuwa maneno ya kifundi. Fundi yeyote angeyaelewa na kucheka.

Biharusi yule alikuwa mwalimu, si fundi, na hakucheka. Dada yake alikuwa na miaka mitano katika ndoa bila mtoto.

Mwezi wa tatu baada ya hapo neno likanirudia, limekua, lina meno. Mteja aliniuliza waziwazi, "Mama, ni kweli gauni za Mkasi zinafunga tumbo?" Nikachukua pini tano, nikaziweka mdomoni. Fundi mwenye pini mdomoni haulizwi kitu. Akatosheka na kimya changu, akaleta kitambaa chake kwangu, na wengine wakamfuata. Kabla ya mwaka kwisha Mkasi alibeba cherehani yake akahama chumba kile. Hakuniuliza neno, nami sikumfuata.

Mjukuu ana namna yake ya kufanya kazi. Ametundika kitambaa cheusi ukutani mwa stoo, na juu yake anachora kwa chaki ya fundi. Kila mtu aliyeusema uvumi ana duara lake, na mshale unakwenda kwa aliyemwambia. Kila nilipoingia kufagia nilikuta mshale umesogea. Kutoka kwa karani wa benki ukaenda kwa shangazi yake, kutoka kwa shangazi kwa muuza viatu. Wiki ya tatu nikakuta duara limeandikwa: *mwalimu mstaafu, aliambiwa na fundi wake*. Baada yake mshale ulikuwa umetazama mahali patupu.

Nilisimama pale na brashi ya nguo mkononi. Binti yangu akaingia kuchukua jora la hariri. Alisoma ukuta, kisha akanitazama brashi, kisha uso.

"Mama. Fundi wake alikuwa nani?"

Nikakwepa macho yake. Akaliweka jora chini.

"Futa."

"Nifute nini?"

"Hiyo ni chaki tu, Mama. Mtoto atadhani imepukutika. Yule mwalimu ni mzee, kesho hakumbuki hata jina la mumewe. Nina maharusi sita mwezi huu, na wote wamekuja kwa sababu ya jina lako. Unataka tuvuliwe nguo hadharani, na anayetuvua ni mwanangu mwenyewe?"

"Yeye hajui."

"Ndiyo maana nakwambia futa!"

Brashi niliigusisha kitambaani, hilo sifichi. Lakini nikafikiri, nikifuta, mtoto huyu atakaa mbele ya kipaza sauti awaambie watu kwamba mwanzo haukupatikana. Atasema uongo bila kujua, kama alivyosema wa gari jeupe, na safari hii nitakuwa nimemtuma mimi. Nikaiweka brashi mfukoni. Binti yangu akatoka bila hariri yake.

Mjukuu aliporudi nilimwambia, "Usiwasumbue tena watu. Chora mshale uje kwangu."

"Bibi, usinitanie."

"Leo sikutanii."

Nikamweleza yote. Alikaa juu ya jora, chaki ikavunjika mkononi mwake. Kwa muda mrefu hakuwa mwandishi wala mtangazaji, alikuwa mjukuu wangu tu.

"Naweza kusema 'fundi mmoja'," akasema mwishowe, kwa sauti ndogo. "Watu wataelewa."

"Fundi mmoja ndiye nani? Hilo nalo halina mwenyewe, mama."

Akainamisha kichwa. "Basi kwanza asikie Mkasi. Haifai ayasikie kwenye simu ya jirani."

Tulikwenda Jumanne asubuhi. Chumba cha Mkasi kina dirisha moja, na chini yake cherehani ileile. Mapazia yaliyokunjwa yalijaa kitandani. Hatukuwa tumeonana uso kwa uso tangu alipohama. Alisema, "Karibuni, kaeni," akatusogezea benchi.

Mjukuu akamwambia kwamba amewatafuta mabiharusi waliovaa magauni yake, amewapata thelathini na mmoja, na ishirini na saba wana watoto.

"Soma," akasema Mkasi.

"Nisome nini, Bibi?"

"Hao. Mmoja mmoja."

Mjukuu akafungua kidaftari. Mwalimu wa kwaya, watoto watatu. Mke wa fundi bomba, wanne. Muuguzi, mapacha. Mkasi alikuwa akisema kila idadi kimyakimya, midomo inatembea. Walipokwisha akafuta uso kwa pazia.

"Mpwa wangu aliniomba nimshonee," akasema. "Nikamkatalia, nikamwambia nina kazi nyingi. Sikuwa na kazi. Niliogopa. Mtu akiambiwa miaka yote hiyo, mwishowe anaitazama mikono yake mwenyewe."

Mjukuu akamwomba ruhusa ya kurekodi, Mkasi akaitikia kwa kichwa. Nikaeleza maneno yangu, kicheko changu, biharusi yule. Kisha mjukuu akaniuliza swali ambalo hakuwa ameniambia ataniuliza.

"Bibi, ulijua kwamba maneno yale yamegeuka?"

Hata hivyo, njiani nilikuwa nimejipangia jibu. Nilitaka kusema ulikuwa utani, ulimi hauna mfupa, nani angejua. Mkasi alikuwa amenikodolea macho.

"Nilijua," nikasema. "Nilijua tangu mwezi wa tatu. Neno moja lingetosha kulizima, nikanyamaza, kwa sababu wateja walikuwa wanakuja kwangu."

Mkasi aliliweka pazia kando.

"Nilitaka kuja kukuuliza," Mkasi akasema. "Kisha nikasema, angekuwa na la kuniambia angelileta mwenyewe. Tulikula sahani moja."

"Nisamehe, dada yangu."

"Nimekusikia."

Alitusindikiza mpaka mlangoni, akasema kwaherini.

Kipindi kilitoka na jina langu. Mhariri wa zamani alimpigia mjukuu kumsifu, akataka kukichapa. Mjukuu akamwambia akichape, ila neno lake lile alilolipenda asilitie hata mara moja. Katika maharusi wetu sita, wanne walichukua vitambaa vyao. Binti yangu huniambia chakula kiko mezani, basi. Simlaumu.

Wiki mbili baadaye biharusi mmoja alikwenda kwa Mkasi. Mjukuu akamfuata na kinasa sauti chake, maana alitaka watu wasikie haki ikirudi. Mkasi alikipapasa kitambaa, akakipima kwa mikono, akauliza harusi ni lini. Kisha akachukua sindano na uzi. Alijaribu mara ya kwanza, ya pili, ya tatu. Uzi ulipita pembeni ya tundu kila mara. Akakikunja kitambaa vizuri, akamrudishia.

"Mapazia nayashona kwa kupapasa, mwanangu. Gauni linataka macho. Ungekuja miaka kumi iliyopita."

Mjukuu hakuitangaza sauti ile. Alikuja kuniambia mimi, amesimama mlangoni mwa stoo, mkoba bado begani.

"Tumechelewa, Bibi."

"Wewe hukuchelewa," nikamwambia. "Wewe ulianza kutembea siku uliyosikia."